Shikamoo, Mia Tisa na Sitini

Nchi ya Tija haimo katika ramani yoyote, na wenyewe hawalalamiki, kwa sababu kuchora ramani nako kunakula nguvu. Jinsi Raya Ngwali alivyoifikia haina haja ya kusimuliwa. Alifika, viatu vimejaa vumbi, na swali la kwanza likimwasha ulimini kabla hajauweka mkoba chini. Ndivyo alivyo mama huyu. Ni mtu wa makamo aliyekwisha kuzuru nchi nyingi za ajabu na kuandika habari zake, na kila alikopita aliacha watu wamechoka kujibu.

Alichokiona kwanza ni mzee mwenye mvi hadi kwenye nyusi, akiinama barabarani mbele ya kijana ambaye ndevu zilikuwa hazijamwota.

"Shikamoo, mia sita na arobaini," alisema mzee.

"Marahaba, mia mbili," alijibu kijana, akapita zake bila hata kumtazama.

Raya alidhani ni mzaha wa babu na mjukuu. Alingoja wacheke. Hawakucheka. Basi akamgeukia mwenyeji aliyepewa kazi ya kumpokea, Bwana Fumbwe, mtu mwembamba aliyevaa joho jekundu lililotariziwa kifuani namba mia tisa na kumi, akamuuliza ni adabu gani hiyo ya mkubwa kumwamkia mdogo.

"Mkubwa ni yule kijana," alisema Fumbwe kwa sauti ya kupaza, kana kwamba Raya yuko ng'ambo ya mto. "Hukuona namba yake?"

Ikabidi aelezwe. Kila Mtija huzaliwa na kani, nguvu iliyojificha chini ya mbavu, na mtu aliyejifunza matamko anaweza kuitumia: anasema maneno, na maneno yanatenda. Kani ikimwishia, hulala mpaka ijae tena. Hadi hapo Raya hakuona ubaya wowote, tena aliona wivu kidogo. Ila zamani Watija waligundua kwamba ukali wa tamko unaweza kuongezwa. Mtu akikubali kuondolewa nguvu za mikono, tamko lake linakuwa kali zaidi. Akitoa mbio, linazidi. Akitoa ladha ya ulimi, masikio, kumbukumbu, kila kimoja kinampandisha. Kazi hiyo inafanywa na Idara ya Mgawanyo. Kijana akibaleghe hupelekwa huko, akaondolewa visivyo na faida, akatoka na namba yake. Namba ndiyo umri, namba ndiyo heshima, na namba ndiyo inayoamua nani amwamkie nani.

Sasa Raya akaanza kuelewa mambo ya mji ule. Nyumba hazikuwa na milango ila mapazia, maana nani angeusukuma mlango? Ndoo zilikuwa ndogo kama bilauri. Chakula hakikutiwa chumvi na hakuna aliyenung'unika. Watu wote walisemezana kwa kelele. Na majiko hayakuwa na paa, jambo lililomshangaza kuliko yote mpaka alipoona jirani mmoja akiwasha moto wa chai: alisema tamko liitwalo Ndimi Saba, mwali ukapanda juu kuliko mnazi, na birika likayeyuka.

"Hamna tamko dogo la kuwashia jiko?" aliuliza.

"Lilikuwepo," alisema Fumbwe. "Lilikuwa la hasara. Njoo nikuonyeshe."

Akampeleka uwanjani. Katikati yake lilisimama Gogo la Taifa, limejengewa banda la vigae na kuwekewa askari. Lilikuwa gogo la mvule, nene, jeusi kwa masizi, lililokagwa na mababu lisiweze kuungua. Foleni ilikuwa ndefu. Mmoja mmoja alisogea, akavuta pumzi, akatamka Ndimi Saba, moto ukamtoka viganjani na kulipiga gogo usoni. Karani akatazama lilivyong'aa na kutangaza namba. Aliyepanda alishangiliwa. Aliyeshuka aliondoka akitazama vidole vya miguu yake.

"Gogo limekosa nini?" Raya alimuuliza karani.

Karani alikunja uso. "Kukosa vipi?"

"Naona mnalipiga tu."

"Gogo halijafanya kitu, Bi mgeni. Halisogei, halikwepi, halina ndugu wala jirani. Ndiyo maana kipimo chake ni cha haki."

"Na kinachopigwa kikiwa si gogo?"

"Kama nini?"

Raya alifikiri. "Fisi, tuseme. Au mafuriko."

"Fisi anasogea," alisema karani kwa upole, kama anayemweleza mtoto. "Namba haitatoka sawasawa."

Hapo ndipo alipopewa habari ya Sheria ya Tija, inayosema kwamba tamko lolote ambalo kwa kani ileile linalipiga gogo kwa udhaifu kuliko Ndimi Saba ni ufujaji, na kulitamka ni kosa. Kwa sheria hiyo yalizikwa matamko ya kupoza homa, ya kumbembeleza mtoto anayelia, ya kumtafuta mbuzi aliyepotea. Lilizikwa pia Tuliza, tamko la kufungua kifua kilichobana. Lilipimwa mbele ya watu wote na likatoa sifuri. Gogo halikuwa na kikohozi.

Kutoka hapo alipelekwa barazani kuwasikiliza watunga sheria. Spika alikuwa amelala kitini, na shingoni amening'iniza kibao kilichoandikwa "Anajaza." Wajumbe waligawanyika makundi mawili. Wamwagaji walishikilia kwamba mtu amwage kani yake yote kwa mpigo mmoja kisha alale. Wadondoshaji wakasema hapana, aitoe kidogo kidogo huku akisinzia katikati. Wamekuwa wakibishana hivyo tangu babu zao. Mjumbe mmoja aliomba kukoroma kuandikwe katika kumbukumbu za kikao kama mchango. Mwingine, mwanamke mwenye sauti ya mikwaruzo, aliwakemea wote wawili: kani isitumike kabisa, ilimbikizwe, kwa ajili ya ile Siku Kubwa atakapokuja adui.

Raya hakuweza kujizuia. Akanyoosha mkono kutoka viti vya wageni. "Adui yupi?"

Wajumbe walitazamana.

"Jina lake tulikuwa tunalijua," alisema yule mwanamke hatimaye. "Lakini kumbukumbu zilikuwa zinatunyima namba thelathini nzima."

Raya aliandika neno kwa neno, akiuma midomo asicheke. Alikuja Tija kwa udadisi, na mpaka saa hiyo udadisi wake ulikuwa unakula na kushiba.

Kicheko kilimkatika nyumbani kwa Fumbwe.

Chumba cha mbele kilikuwa na kitanda kando ya dirisha, na kitandani alilala mkewe, Bi Kazija. Nje ya dirisha watu walipita mmoja mmoja, wazee kwa watoto, wakainama na kusema, "Shikamoo, mia tisa na sitini." Hakuna namba iliyoizidi hiyo katika nchi nzima. Bi Kazija alikwisha kutoa miguu, akatoa mikono, akatoa ladha na usingizi mzito, na mwaka uliopita, ili amshinde mpinzani wake kwa nukta chache, akatoa nguvu za kifua. Alikuwa mtu mwenye uwezo kuliko wote, na hakuweza kujigeuza ubavu.

Aliyemgeuza ni binti yao wa pekee, Sanura. Yeye alikuwa hajagawanywa bado, na watu wa namna hiyo Tija huitwa hivyohivyo, bado. Ndio wanaobeba maji, wanaopika, wanaosikia hodi. Sanura alimnyanyua mama yake kama anayenyanyua nguo, akamweka mto mgongoni, akampa maji, akamfuta kidevu, na huku anafanya yote hayo alikuwa ameinamisha kichwa kidogo akisikiliza pumzi zake.

"Kesho na mimi nakwenda," alimwambia Raya jikoni, akipepeta mchele chini ya anga tupu. Alisema kwa furaha ya kweli. "Nimechoka kuitwa bado, Bi Raya. Mtoto niliyembeba mgongoni juzi, leo namwamkia mimi."

"Watakutoa nini?"

"Tutaanza na masikio. Wanasema ninayo makali sana, yatanipa namba nzuri. Na gogo halisemi, kwa hiyo sitapungukiwa kitu. Halafu mikono."

"Na mama yako atanyanyuliwa na nani?"

Ungo ukasimama. "Kila nyumba inauliza hivyo siku moja kabla," alisema Sanura. "Kisha anakua mtoto anayefuata."

"Nani anakufuata wewe?"

Sanura akaanza kupepeta tena, kwa nguvu zaidi, na punje nyingi nzima zikaenda na makapi.

Baada ya chakula cha mchana iko saa ya kujaza, ambapo kwa amri mji mzima hulala. Barabara ilikuwa kimya. Fumbwe alijilaza mkekani kando ya kitanda cha mkewe. Raya, ambaye hana kani ya kujaza, alikaa ukumbini akipitia maandishi yake, na Sanura alikuwa uani akisugua sufuria.

Ghafla sufuria ikaanguka. Raya hakuwa amesikia kitu. Aliona tu binti akipita mbio mbele yake, mikono imejaa majivu, naye akakusanya kanga zake na kumfuata.

Bi Kazija alikuwa ametoa macho pima. Midomo yake ilianza kuwa rangi ya jivu, na koo lilitoa mlio mwembamba uliokaribia kwisha. Fumbwe alikwisha kuamka; kitanda kilipotikisika kilimgonga. Alikuwa amesimama juu ya mkewe, uso kwa uso, na midomo yake ikienda haraka haraka. Raya alidhani anatamka Tuliza, sheria au hakuna sheria, na moyo wake ukampenda mtu yule. Akasogea karibu.

"Tuliza inakula kani kumi na mbili," alikuwa akinong'ona Fumbwe, jasho likimtiririka. "Inatoa sifuri. Ndimi Saba kwa kumi na mbili ileile inatoa... Ukigawa kwa... Labda nusu ya Tuliza..."

Alikuwa anahesabu.

Sanura alimpiga kikumbo baba yake, naye akaenda chini kama shuka iliyoanikwa. Binti akapitisha mikono chini ya mabega ya mama, akamwinua, akamlaza kifudifudi begani kwake, akampiga mgongoni kwa kiganja. Mara moja. Tena. Kitu kikatoka kooni kwa mama, kizito, kikamwagika juu ya gauni la binti, na pumzi ikarudi kwa mkoromo mbaya ambao Raya aliusikia kama habari njema kupita zote alizowahi kusikia. Hapakuwa na tamko lolote. Ilikuwa mikono miwili tu.

Fumbwe alibaki sakafuni, maana hakuwa na nguvu za kujiinua mpaka Raya alipompa mkono.

"Nililijua," alisema. Alijigusa kooni. "Mama yangu alinifundisha, nilikuwa nalo hapa hapa. Nilitaka tu nihakikishe si hasara."

Raya alikuja kucheka nchi ile, na kwa kweli alikuwa amecheka. Sasa alitamani kumpiga kofi mtu huyu, na papo hapo alimhurumia hata machozi yakamlenga, na hakujua aanze na lipi.

Bi Kazija ndiye aliyesema. Sauti yake ilikuwa nyembamba lakini kila mtu chumbani aliisikia, hata mumewe. "Nilikuona midomo, Fumbwe. Nilikuwa nakufa, na wewe unagawanya."

Fumbwe aliinamisha kichwa.

Asubuhi walikwenda Idara ya Mgawanyo kama ilivyopangwa. Mambo ya Tija hayaahirishwi, kwa kuwa kuahirisha ni ufujaji. Raya aliomba kuingia nao akaruhusiwa. Afisa mgawaji, Bwana Shebe, alikuwa mtu mchangamfu anayeipenda kazi yake. Alimkalisha Sanura juu ya kiti cha jiwe chenye bakuli kila upande, moja la kupokea kinachotoka na moja la kuchanganya na kani.

"Masikio kwanza," alisema Shebe, akikunja mikono ya kanzu. "Mazuri haya. Utatoka hapa na mia tatu, binti, na bado hatujagusa mikono."

Sanura alishika kingo za kiti. Uso ulikuwa umemkauka. Nyuma yake foleni ya vijana wengine ilikuwa inanong'ona na kuchekacheka.

"Ngoja," alisema Fumbwe. "Inuka, mwanangu."

Sanura aliinuka, na baba yake akakaa mahali pake.

"Nirudishie mikono," alimwambia Shebe.

Shebe alicheka, kisha akaona anacheka peke yake. "Inawezekana," alisema polepole. "Sheria haikatazi, kwa sababu hakuna aliyewahi kuomba. Lakini njia ya kurudi inavuja, Bwana Fumbwe. Ulitoa mikono mizima ukapata namba. Sasa hata ukitoa namba yote hutapata mikono mizima. Mtungi huubebi. Mtoto humbebi."

"Nitabeba nini?"

Shebe alikuwa mtu wa hesabu, na hesabu ambayo haijawahi kufanywa ilimvuta. Akafumba macho, akahesabu kwa vidole, akatikisa kichwa, akahesabu tena. "Kikombe," alisema. "Kikiwa hakijajaa."

"Na kani itabaki?"

"Kidogo mno. Ya tamko moja dogo, ukishalala vizuri."

"Kama Tuliza?"

"Sikusikia," alisema Shebe, na pengine ni kweli, maana masikio yake nayo yalikwisha kwenda zamani. Akamsogelea, akashusha sauti kwa kadiri anavyojua Mtija kushusha sauti. "Ndugu yangu, hii ni hasara tupu. Mia tisa na kumi kwa kikombe kisichojaa! Sijapata kuona mpango mbovu kama huu tangu nianze kazi."

"Kikombe kinatosha."

"Baba," alisema Sanura, "watu watakucheka."

"Watacheka," alikubali Fumbwe, akaweka mikono yake miwili ndani ya bakuli.

Haikuchukua muda. Alipotoka, joho lilikuwa limeng'olewa ile namba ya kifuani na kubandikwa nyingine, kumi na tisa, kwa pini. Shebe akamwita Sanura arudi kitini, foleni inangoja. Sanura alikitazama kiti, akamtazama baba yake aliyekuwa akifumba na kufumbua viganja mbele ya uso wake kama mtu aliyeokota kitu asichokijua.

"Leo nampeleka baba nyumbani," alisema.

Njia ilikuwa ndefu siku ile, kwa kuwa kila waliyekutana naye ilibidi Fumbwe asimame na kumwamkia. Aliwaamkia wauza mboga. Aliwaamkia askari wa gogo, ambao jana walimpigia saluti. Kijana mmoja mdogo alijibu marahaba kisha akaangua kicheko, na wenzake wakacheka pia, wakamfuata kwa nyuma wakipiga kelele za "kumi na tisa!" Raya aliwageukia akawatolea maneno makali ambayo hakuyaandika baadaye. Fumbwe mwenyewe aliendelea kuwaamkia, mmoja baada ya mwingine, masikio yamemwiva wekundu kwa aibu, na hakuficha kwamba inamuuma. Sanura alitembea ubavuni mwake na kuwatazama watu usoni.

Walipofika, Fumbwe alisogeza pazia, akasimama mbele ya kitanda, akainama kama sheria inavyomtaka.

"Shikamoo, mia tisa na sitini."

Bi Kazija aliitazama ile pini kifuani, akatazama mikono. Alikuwa mwanamke mwerevu, hakuhitaji kuelezwa.

"Acha upuuzi," alisema. "Nina kiu."

Sanura alipiga hatua kuelekea mtungini, Raya akamshika kanga kwa nyuma. Wakabaki wamesimama penye pazia wote wawili. Fumbwe alichota maji mwenyewe, hayakufika nusu ya kikombe, akakishika kwa mikono miwili. Kutoka mtungini hadi kitandani ni hatua chache tu, lakini alizipiga polepole, ulimi ukimchomoza pembeni mwa mdomo. Akamwinamia mkewe, akakisogeza kikombe midomoni, na maji mengi zaidi yakamwagikia kidevu, yakateremka shingoni, yakalowesha mto. Yaliyobaki Bi Kazija aliyameza.

"Mengi yamemwagika," alisema Fumbwe.

"Nimeona," alisema Bi Kazija. "Nenda kachote mengine."